Marejeo ya Xian Xinghai

Wafanyabiashara wa Kariakoo na Eastleigh huijua Shahe, huko Guangzhou, kwa nguo zake. Soko la jumla huamka kabla ya alfajiri; marobota hufungwa, mikokoteni hupishana, na mgeni hana wasaa wa kuuliza kilichopo nyuma ya maduka. Jirani na hapo, mahali paitwapo Shaheding, pana kampasi ya zamani ya chuo cha muziki cha Xinghai. Jina hilo ni la mtu, na mtu huyo alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu.

Xian Xinghai alizaliwa Macau mwaka 1905, baba yake akiwa amekwisha kufa. Mama alimlea kwa jasho lake. Alisoma Guangzhou, kisha Paris, ambako alifunzwa na Paul Dukas. Aliporejea China mwaka 1935, sinema za Shanghai zilimfungulia masikio ya umma. Miongoni mwa kazi zake ni nyimbo za filamu ya kutisha Ye ban ge sheng ya mwaka 1937. Miaka miwili baadaye, vita vya Japani vikiwa vimepamba moto, alitunga huko Yan'an Kantata ya Mto Manjano, iliyolibeba jina lake hadi leo.

Mwaka 1940 alitumwa Moscow kuitilia muziki filamu ya maisha halisi ya Yan'an. Aliacha mke na binti asiyetimiza mwaka. Mwaka uliofuata Ujerumani ikauvamia Muungano wa Kisovieti: filamu ikapotea, njia ya kurudi ikafungwa. Aliishia Almaty, akitumia jina lisilo lake, akahifadhiwa na mtunzi wa Kikazaki, Bakhytzhan Baikadamov. Hapo hakuacha kutunga. Alifariki Moscow tarehe 30 Oktoba 1945.

Mgiriki Mikis Theodorakis naye aliyaonja machungu hayo. Mwaka 1967 utawala wa kijeshi ulipiga marufuku muziki wake. Mwaka 1969, filamu ya Z ilipotoka Ufaransa ikiwa na tuni zake, mwenyewe alikuwa kizuizini. Muziki ulikuwa umemtangulia ng'ambo. Hata hivyo, mwaka 1974 yeye alirudi Ugiriki kwa miguu yake.

Wahenga wa pwani walinena: mwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani. Xian alirudi akiwa majivu, mwaka 1983, na mwaka 1985 akazikwa Guangzhou, kando ya ziwa Luhu. Mwaka huohuo chuo kikapewa jina lake. Waswahili walio ughaibuni, ambao kila mara huchangishana ili maiti ya mwenzao isafirishwe kwao, hawahitaji kuelezwa kwa nini watu husubiri miaka thelathini na minane kumrudisha marehemu. Na binti aliyeachwa kifuani mwa mama alipata mahali pa kumzuru baba yake, akiwa tayari mtu mzima kuliko umri aliofikia baba huyo.