Chumba cha Ndani

Katika minara ya Riverside Plaza, mjini Minneapolis, taa za madirisha hazizimwi zote kwa wakati mmoja. Wako wanaorudi kutoka zamu za usiku, wako wanaoamka kuisubiri alfajiri, na kati yao yuko mzee mmoja wa Kibarawa ambaye, ifikapo saa nne usiku, huketi mbele ya kompyuta ya mwanawe na kuendesha lori.

Lori hilo limo katika mchezo uitwao American Truck Simulator, uliotolewa mwaka 2016 ukiwa na barabara za California na Nevada, kisha ukaongezewa jimbo baada ya jimbo. Mzee ameichagua Oregon. Alipokuwa na nguvu zake aliendesha lori la kweli kwa miaka kumi na minne, akipita njia hizo hizo katika mvua na theluji, hata moyo ulipoanza kumsumbua na madaktari wakakataa kumpasisha tena kwa leseni ya biashara. Hakulalamika. Alimwomba kijana wake amwonyeshe namna ya kuwasha injini kwenye kioo, basi. Tangu hapo huchukua mbao kutoka Medford hadi Portland, akipunguza mwendo kwenye kila kona kana kwamba shehena ni mali ya jirani, na kijana akitaka kutumia kompyuta yake hana budi kungoja lori lifike.

Oregon ina mambo yake na mji huu. Tarehe 3 Desemba 1971, wanafunzi wa shule moja ya Minneapolis walicheza kwa mara ya kwanza mchezo wa The Oregon Trail, uliotungwa na vijana watatu waliokuwa wakijifunza ualimu katika chuo cha Carleton: Don Rawitsch, Bill Heinemann na Paul Dillenberger. Hapakuwa na kioo. Palikuwa na teletaipu iliyochapa kila jibu kwenye karatasi, na watoto waliizunguka kusoma kama ng'ombe wao wamevuka mto au wamekufa maji. Muhula ulipokwisha, Rawitsch aliuchapa mpangilio wote wa mchezo kwenye karatasi, kisha akaufuta katika kompyuta. Kwa takriban miaka mitatu mchezo ambao baadaye ungejulikana na watoto wa Marekani nzima ulikuwa furushi la karatasi tu. Mwaka 1974 aliajiriwa na MECC, shirika la jimbo la Minnesota lililopeleka programu za kompyuta mashuleni, akaketi akauandika upya, herufi kwa herufi, na ukaingizwa katika maktaba ambayo shule za jimbo zima ziliifikia kwa njia ya simu.

Kijana wa mzee huyu aliukuta mchezo huo shuleni katika toleo la baadaye, lenye picha za rangi na watu wanaokufa kwa kuhara damu. Jambo alilolikumbuka zaidi ni neno. Waliokuwa wakihama katika mchezo waliitwa waanzilishi. Babake, aliyetoka Barawa kwa jahazi mwaka 1991 na kukaa miaka kadhaa katika kambi ya Benadir huko Mombasa kabla ya kuletwa Marekani, katika karatasi zote za serikali aliitwa mkimbizi.

Maktaba ya kijana ni ya Steam, duka lililofunguliwa mwaka 2003, na ina michezo zaidi ya mia mbili na arobaini. Mingi aliinunua wakati wa bei za kutupa na hakuifungua hata mara moja. Tangu Oktoba 2019, duka hilo lilipoipamba upya sura ya maktaba zake, mtu anaweza kuigawa michezo yake katika mafungu na kuyapa majina apendayo, hata kuliacha fungu lijijaze lenyewe kwa kufuata aina ya mchezo. Kijana alifanya hivyo usiku mmoja wa Januari, siku ambayo baridi haikuruhusu mtu kutoka. Fungu la kwanza aliliita Ya Baba, nalo lina lori na sataranji. La pili ni la mdogo wake wa kike. La tatu ni la michezo aliyoimaliza, fupi la kutia haya. La nne aliliita Siku Moja, na hilo ndilo kubwa kuliko yote, kama lilivyo kwa kila mtu anayehifadhi vitabu.

Ikabaki michezo mitatu ambayo hakuitaka katika fungu lolote. Hiyo aliificha. Kazi yenyewe ni ndogo: mtu hubonyeza jina la mchezo kwa kitufe cha kulia cha kipanya, akachagua kusimamia, kisha kuficha, na jina likaondoka kwenye rafu. Lakini mchezo haujafutika. Bado umo katika akaunti, na ikiwa ulikwisha kuingizwa katika kompyuta bado unakula nafasi ya diski. Menyu ya juu ina mahali ambapo orodha ya vilivyofichwa hufunguka mara moja kwa yeyote aliyeketi hapo. Tena, mtu akiucheza mchezo uliofichwa, marafiki zake wanaweza kuona kwamba anaucheza. Ndiyo maana mwaka 2024 duka likaongeza njia nyingine, ya kuutia mchezo alama ya faragha ili wengine wasijue hata kwamba unao. Njia ya kwanza humwondolea mwenye maktaba kitu machoni pake mwenyewe. Ya pili huwaondolea watu wa nje.

Kiswahili kingedai maneno mawili hapo, nayo kinayo. Kuficha ni tendo la mtu na kitu chake, na mara nyingi lina harufu ya hatia. Kusitiri humhitaji mtu wa pili. Anayesitiriwa ni mwenzako: aibu yake, umaskini wake, kidonda chake. Vitufe vya duka havijui tofauti hiyo. Lakini wajenzi wa nyumba za mawe za Lamu na za miji mingine ya pwani waliijua na kuitia katika kuta. Mgeni hupokewa dakani, nje ya mlango. Akiaminiwa zaidi huingia kiwandani, penye uwazi wa katikati. Jamaa hufika msanani. Na nyuma kabisa ndiko ndani, chumba chenye zidaka ukutani ambamo sahani na bakuli za kale hupangwa. Kitu cha thamani kuu katika nyumba kimewekwa wazi kabisa, ila mahali ambapo ni wachache wanaofika. Mzee alizaliwa katika mji wa mawe wa namna hiyo, mji wa Dada Masiti, ambako Kiswahili huitwa Chimwini, na mpaka leo katika nyumba ya vyumba viwili kwenye ghorofa ya juu Minneapolis humweka mgeni kwenye kiti cha karibu na mlango.

Kati ya michezo mitatu iliyofichwa, miwili ilikuwa ya upuuzi na haihitaji kutajwa. Wa tatu ni Delta Force: Black Hawk Down, uliotolewa mwaka 2003, miaka miwili baada ya filamu yenye jina kama hilo. Filamu ilipigwa Morocco. Mchezo humpeleka mchezaji Somalia ya mwaka 1993 na kumtia machoni mwa askari wa Marekani. Juu ya mapigano ya Mogadishu ya tarehe 3 na 4 Oktoba mwaka huo, Wamarekani kumi na wanane waliouawa wanajulikana kwa majina, vyeo na miji waliyozaliwa. Wasomali waliokufa ni makadirio: mamia, wengine husema zaidi ya elfu. Mchezo haukulibuni pengo hilo, ila umelifanya kuwa kanuni, kwa sababu kila anayeanguka upande wa pili hutoweka kwenye vumbi baada ya muda ili kompyuta isielemewe.

Kijana aliununua akiwa na miaka kumi na sita, kwa bei ya kikombe cha kahawa. Marafiki wa shuleni walikuwa nao. Alicheza wiki mbili, na alikuwa hodari. Siku moja mmoja wa wale aliowapiga risasi alianguka akipaza sauti ya Kisomali aliyoielewa, au aliyodhani ameielewa, naye akaufunga mchezo. Hakuufuta. Pengine kwa sababu aliulipia. Pengine kwa sababu kuufuta kungekuwa kukiri kwamba kulikuwa na jambo. Aliuficha hasa siku ile babake alipoanza kukaa kwenye kiti chake.

Hapa haifai kumwonea. Wapo watakaosema mchezo ni mchezo, na wapo watakaosema asingeununua kamwe. Wote wawili hawajalelewa katika mji ambao Wasomali ni wengi kuliko katika mji mwingine wowote wa Marekani, na ambamo kijana wa Kisomali, ili akubaliwe mezani wakati wa chakula cha mchana, alitakiwa kuwa hodari wa kuwaua Wasomali.

Mwezi Novemba programu ya duka ilijisasisha, na mafungu yakajikunja. Mzee hakuliona lori lake. Alifungua menyu hii, akafungua na ile, kwa subira ya mtu aliyewahi kutafuta njia bila ramani, hata akaingia kwenye orodha ya vilivyofichwa. Jina alilijua. Nani Cedar-Riverside asiyelijua?

Kijana aliporudi kazini saa sita na nusu alimkuta babake ameshika bunduki. Hakuwa akipiga. Alikuwa akitembea, polepole, akiuegemea ukuta, akiuawa kila baada ya dakika chache na kuanza tena.

"Baba."

"Wametia majumba," mzee alisema bila kugeuka. "Wametia na magari. Kichochoro cha ami yako hawakukitia."

Ami alikuwa na duka la vitambaa Mogadishu, karibu na soko la Bakara. Kijana alilijua hilo. Alijua pia kwamba ami alifika Mombasa mwishoni mwa mwaka 1993 akichechemea, na kwamba alichechemea hadi kufa kwake, kwa sababu aligongwa na gari. Picha yake moja iko chumbani kwa mzee, amekaa kwenye benchi na bakora mapajani.

"Halikuwa gari, mwanangu."

Kijana alijibu kwa jambo la kwanza lililomjia kinywani. Alisema ataufuta, ataufuta sasa hivi, asubuhi hautakuwapo. Akaeleza, haraka haraka, kwamba mtu akiufuta tu katika kompyuta bado jina hubaki katika akaunti, lakini iko njia ya kuuondoa moja kwa moja, na akiuondoa hivyo, akiutaka tena ataununua upya. Akasema hata hivyo haukuwa mali yake hasa, kwani duka lenyewe tangu Oktoba 2024 huwatangazia wanunuzi kwamba wanacholipia ni leseni ya kutumia.

"Leseni," mzee alisema, na ikawa kama amecheka. "Na hiyo pia huichukua?"

"Wanaweza, baba."

Mzee aliuweka mkono juu ya kipanya na kuuacha hapo. Akasema usiufute. Uweke pale pale ulipouweka. Mdogo wako asiuone, na wageni wasiuone, lakini usiufute. Kisha akaomba aonyeshwe lilipo lori.

Kijana alilikunjua fungu la Ya Baba. Injini ikanguruma. Lilikuwa limesimama nje ya Medford na mbao zake, usiku, mvua ikinyesha juu ya kioo cha mbele, na mzee alitia gia, akawasha vifutio, lakini hakuliondoa. Alianza kusema. Alisema ami alitoka dukani magharibi ile kwa sababu ya mtoto wa jirani aliyekuwa barabarani. Akataja jina la mtoto. Akataja jina la mwenye duka la pili, na la mwanamke aliyemfunga ami mguu kwa kitambaa cha dukani mwake mwenyewe, bafta nyeupe, na kila jina alilitaja na la babake na la babu yake, kama desturi. Kijana aliketi ukingoni mwa kitanda na koti lake la baridi mwilini. Mara moja aliuliza, na mara moja aliambiwa angoje.

Ilikaribia alfajiri walipomaliza. Mbao za Medford zilichelewa kufika Portland, na mchezo ukakata malipo.