Mkono Uchorao

Wapo wanafunzi wangu wafichao michoro yao, kwa kuwa nyumbani uchoraji huitwa mchezo wa wavivu. Watazame Ken Adam. Alizaliwa Berlin mwaka 1921, Myahudi. Mwaka 1934 jamaa zake wakakimbilia Uingereza kuepuka mateso. Alijifunza usanifu wa majengo, kisha akawa mbuni wa mandhari za sinema, yaani mtu aamuaye nyumba, vyumba na rangi zote za filamu. Katika Goldfinger, ya mwaka 1964, alibuni ndani ya hazina ya dhahabu ya Marekani asiyoruhusiwa kuingia. Alichora, mafundi wakajenga, watazamaji wakasadiki. Alipata tuzo mbili za Oscar. Kijana, usiifiche karatasi yako. Ichore kwa bidii na kipimo.