Jina la Aliyeokotwa

Wodini kwetu tumewahi kufanya kazi na sista mmoja Mwitalia, mzaliwa wa Catania, kisiwani Sicilia. Jina lake la ukoo ni Trovato. Tulimwuliza maana yake. Akacheka kidogo, akajibu, "Ni Aliyeokotwa."

Zamani huko kwao, kama sehemu nyingi za Italia, palikuwa na gurudumu la watoto: pipa la mbao lililotiwa ukutani, likizunguka. Mama aliyelemewa, pengine kwa umaskini, pengine kwa aibu ya kuzaa bila ndoa, alifika usiku, akamlaza mtoto ndani, akalisukuma, akapiga kengele. Mwanamke wa upande wa pili alimpokea mtoto asimwone mama uso. (Sisi tuliowahi kukuta kitanda kitupu na kichanga kimeachwa, tunaujua ukimya wa saa ile.) Kisha mtoto aliandikwa jina: Trovato huko Sicilia, Esposito kule Napoli, yaani aliyewekwa nje. Watoto wake wakalirithi, na wajukuu, hata leo akina Trovato wamejaa Catania. Magurudumu yalifutwa mwaka 1923, na sheria ya mwaka 1939 ikakataza kumpa mtoto jina la kufichua asili yake.

Tulitazamana. Wiki ile ile tulikuwa na mtoto mchanga wa kiume aliyeokotwa karibu na kituo cha basi, na sisi wenyewe, kwa wepesi tu, tulikuwa tumemwandika kwenye kadi "Shida". Akina Shida tunao wengi, lakini wao walipewa jina na mama zao. Huyu tulimpa sisi, kwa kalamu ya wodi.

Sista hakutulaumu. Alitukumbusha Musa, ambaye binti Farao alimwita hivyo kwa kuwa alimtoa majini. "Naye ni Trovato," akasema, "ila aliyempa jina ndiye aliyemchukua kuwa mwanawe."

Tulibishana hadi zamu ikaisha. Mwenzetu mmoja alisema mtoto hashibi jina. Ni kweli, lakini ndilo ataitwa nalo siku ya kwanza shuleni, mbele ya wenzake. Tukaandika kadi mpya, "Mtoto wa kiume, kilo 2.6", nafasi ya jina tukaiacha wazi, mpaka ustawi wa jamii walipomkabidhi kwa mume na mke wa kumlea.

Baba alitaka aitwe Yosefu. Mama akasema hapana, huyu ataitwa kama baba yangu.