Kenneth Griffith: Mhusika Mdogo na Suala la Umilikaji wa Usimulizi

Katika uhakiki wa sanaa za maonyesho, mhusika mkuu ndiye anayeandamwa na kalamu nyingi. Mhusika msaidizi hutajwa kwa kupitia tu, kana kwamba kazi yake ni kumpisha mwingine mlangoni. Mtazamo huu una upungufu, kwani yapo maisha mazima ya usanii yaliyojengwa kwa dhima ndogo ndogo. Waswahili husema kwamba ganda la muwa la jana chungu kaona kivuno. Mfano mmoja unaostahili kuchunguzwa ni ule wa Kenneth Griffith, mwigizaji wa Wales aliyeishi kati ya mwaka 1921 na 2006, na ambaye kwa takribani miaka sitini alionekana katika filamu na televisheni za Uingereza bila kuwa nyota wa kawaida.

Griffith alizaliwa Tenby, mji wa pwani katika eneo la Pembrokeshire. Wazazi wake walitengana angali mchanga, naye akalelewa na babu na bibi yake mzaa baba, watu wa madhehebu ya Kimethodisti. Jina la ukoo lilikuwa Griffiths. Mwalimu mkuu wa shule aliyosoma alimshauri aiondoe ile herufi ya mwisho, kwa kuwa ni alama ya Uingereza iliyobandikwa kwenye jina la Wales. Kijana alikubali. Herufi moja si kitu kikubwa, lakini aliyekulia katika nchi iliyotawaliwa anafahamu kwamba utawala huanzia kwenye majina.

Ni sadfa yenye maana basi kwamba dhima yake ya kwanza ya kulipwa, huko Cambridge mwaka 1937, ilihusu jina. Katika *Julius Caesar* ya Shakespeare aliigiza Cinna mshairi, yule anayeuawa na umati uliopandwa na hasira kwa sababu tu jina lake linafanana na la mmoja wa waliomsaliti Kaizari. Wasomaji wa Kiswahili wanamfahamu Cinna kupitia tafsiri ya Nyerere iliyotoka mwaka 1963. Anaingia jukwaani, anajieleza, hasikilizwi, anakufa. Onyesho lenyewe ni fupi, na mtu anaweza kuliruka bila kuvuruga msuko. Hata hivyo, pasipo Cinna hadhira haiwezi kupima hatari ya maneno ya Antoni.

Baada ya Vita Vikuu vya Pili, Griffith alipata nafasi tele katika filamu. Katika *The Shop at Sly Corner* (1947) alikuwa msaidizi wa duka anayegundua siri ya tajiri wake na kuanza kumkamua fedha. Katika *A Night to Remember* (1958), filamu inayosimulia kuzama kwa meli ya Titanic, aliigiza Jack Phillips, mpeleka simu za upepo. Katika *I'm All Right Jack* (1959) na *Only Two Can Play* (1962) alihamia kwenye kejeli. Katika hii ya pili ni mfanyakazi wa maktaba katika mji wa Wales, anayekitamani cheo kilekile anachokitamani mwenzake, Peter Sellers. Tukiwapanga pamoja wahusika hawa tunaona sifa inayowaunganisha: ni watu wadogo wenye jambo kubwa kifuani, nao huzungumza kwa kasi kama waliokwisha kuzoea kukatizwa. Katika istilahi za uhakiki wangeitwa wahusika bapa, lakini mwigizaji anawatia joto linaloufanya ubapa huo utiliwe shaka.

Katika miaka ya 1960 mambo yaligeuka. Huw Wheldon na David Attenborough wa BBC walimpa nafasi ya kutengeneza filamu juu ya mada aliyoitaka mwenyewe. Akachagua Vita vya Makaburu, na filamu *Soldiers of the Widow* ikaonyeshwa mwaka 1967. Mtindo wake ulikuwa wa pekee. Griffith husimama mahali penyewe palipotukia mambo, huitazama kamera kana kwamba anamtazama jirani, kisha huwaigiza wote: jenerali, askari, mwanasiasa, mjane. Sauti hupanda na kushuka, mikono hurushwa, na hasira haifichwi. Kwa mwanafunzi wa fasihi simulizi, huyu si mtangazaji. Huyu ni fanani. Yule aliyezoea kupewa sentensi tatu katika hadithi za wengine sasa ameitwaa hadithi nzima, pamoja na sauti zake zote.

Ulingo huo ulikuwa na bei yake. Mwaka 1973 alitengeneza filamu kuhusu Michael Collins, kiongozi wa mapambano ya uhuru wa Ireland, kwa ajili ya kampuni ya ATV. Wakati huo damu ilikuwa ikimwagika Ireland ya Kaskazini, na mkuu wa ATV, Lew Grade, akaamua isionyeshwe. Griffith hakunyamaza: mwaka 1974 alitoa filamu nyingine, *The Public's Right to Know*, iliyohoji udhibiti huo wenyewe. Ile ya Collins ilikaa kabatini miaka 20, hadi BBC Wales ilipoionyesha mwaka 1993. Mtu hakatai wito, hukataa aitwalo. Griffith aliitwa aburudishe, na aliburudisha. Alichokataa ni kuburudisha kwa masharti ya kunyamaza.

Je, msimamo huu ulidumu kila mahali? Hapa ndipo mhakiki wa Kiafrika anapokwama. Katika *The Wild Geese* (1978), Griffith ni Witty, mganga wa kikosi cha mamluki wanaoongozwa na Mwelshi mwenzake, Richard Burton. Filamu ilipigwa Afrika Kusini enzi za ubaguzi wa rangi. Askari wa Kiafrika wanaitwa Simba, neno la Kiswahili, nao wanaanguka kwa mamia bila majina wala historia. Mtu aliyewatetea wanyonge wa dola ya Kiingereza anashiriki hadithi inayowafanya Waafrika kuwa shabaha. Aidha, huruma yake kwa Makaburu, iliyo halali inapohusu wanawake na watoto waliokufa kambini, inagongana na historia ya neno lenyewe. Katika Kiswahili, "kaburu" limekuja kuwa jina la mdhalimu. Waafrika nao waliwekwa katika kambi zao wakati wa vita hivyo, wakafa kwa maelfu.

Kasoro hii haifuti ujasiri wa mwaka 1973, na ujasiri huo hauifuti kasoro. Linalodhihirika ni kwamba kuutwaa usimulizi si sawa na kumwona kila aliyemo ndani yake. Griffith alijua jinsi inavyouma kuwa Cinna, kuuawa kabla maelezo hayajasikika. Wale askari waitwao Simba hawakupewa hata nafasi ya kutaja majina yao, na hao ndio wahusika wadogo ambao uhakiki wa filamu hauna budi kuanza kuwauliza.