Mpunga, Jua na Kimya: Casamance katika Filamu ya Sembène

Ousmane Sembène, mzaliwa wa Ziguinchor (1923), alikuwa amekwisha kujijengea jina kwa riwaya zake za Kifaransa alipoigeukia kamera. Sababu yake inafahamika: wengi wa aliowaandikia hawakuweza kumsoma. Katika *Emitaï* (1971), hata hivyo, alitafuta zaidi ya hadhira. Aliirudia Casamance, kusini mwa Senegal, akawaacha Wadiola wazungumze Kidiola. Kisa ni cha wakati wa Vita Vikuu vya Pili vya Dunia: wakoloni Wafaransa wanawachukua vijana kwa nguvu kwenda jeshini, kisha wanaudai mpunga. Kwa mwanahistoria wa mapigano ya Ulaya hilo ni tukio dogo. Kwa Mdiola ni suala la uhai na la ibada.

Wazee wanajadiliana na miungu yao. Wanawake, ambao ndio wakulima wa mpunga huo, wanauficha. Wanakamatwa, wanaketishwa juani, na siri hawaitoboi. Sembène haharakishi. Kamera inawatazama mpaka mtazamaji naye ahisi joto, na hapo, wala si katika mjadala wa wazee, ndipo uzito wa filamu ulipo. (Kejeli nayo haikukosekana: picha ya Pétain inabanduliwa, ya de Gaulle inabandikwa, na askari Mwafrika anashangaa jinsi mwenye nyota mbili anavyoweza kumpindua mwenye saba.) Amri ya mpunga inabaki ile ile.

Mwishoni wanaume wanapangwa mstari. Skrini inageuka nyeusi. Milio ya bunduki inasikika.