Baada ya Kicheko



Darsa isiyo na tabasamu huchosha. Ndiyo maana sisi tunaokaa mbele ya watu kutoa mawaidha huchanganya nasaha na mzaha kidogo, mfano wa chumvi katika chakula. Mengi yamekwisha kusemwa juu ya mzaha wenyewe: usiwe wa uongo, wala usiwe wa kumdharau mtu. Machache yamesemwa juu ya wajibu wa msemaji pindi watu wamalizapo kucheka, na hilo ndilo tulitakalo leo.

Mtume wetu (S.A.W.) alikuwa akifanya mzaha, na hakusema ila kweli. Imamu Tirmidhi, katika kitabu chake cha Shamail, amepokea kisa cha bibi kizee aliyemwendea Mtume akitaka aombewe kuingia Peponi. Mtume akamjibu kwamba kizee haingii Peponi. Bibi yule akageuka, akaenda zake akilia. Hakuachwa aende hivyo. Mtume aliwaambia waliokuwapo wakamweleze kuwa hataingia hali ya kuwa ni kizee, na akataja aya za Suratul Waaqi'a zinazoeleza kwamba wanawake wa Peponi wataumbwa umbo jipya. Mzaha ule ulikuwa kweli tupu. Hata hivyo, chozi lilipotoka, ujumbe ulipelekwa. Bibi hakulaumiwa kuwa hajui mzaha.

Kwetu, akina mama huketi nyuma ya pazia. Vicheko twavisikia, nyuso hatuzioni. Kwa hivyo ahali yetu hukaa miongoni mwa wanawake wenzake, na tukirudi nyumbani humuuliza: "Ni nani ambaye hakucheka?"

Siku moja, darsa ikiwa juu ya kusengenyana, tulisimulia kisa maarufu cha Juha na punda wake kumi. Akiwahesabu huku amempanda mmoja, huwapata tisa; akishuka, huwapata kumi. Watu walicheka sana. Tukanyamaza mpaka kicheko kikatulia, kisha tukauliza: "Na sisi je, tunapohesabu aibu za watu, ile tuliyoipanda wenyewe tumeihesabu?" Pakawa kimya, na hapo kisa kikawa kimefika.

Jioni ahali yetu akatwambia kwamba mama mmoja aliinamisha kichwa. Alikuwa na mvutano na mkaza mwana wake, jambo ambalo sisi hatukuwa na habari nalo, na jirani zake walimgeukia huku wakicheka. Akadhani kisa kimeletwa kwa ajili yake. Hatukungoja wiki ipite. Baada ya Magharibi ahali yetu alimwendea na salamu zetu: kisa ni cha kale, na anayekisimulia naye yumo juu ya punda. Mama yule akacheka. Wiki iliyofuata alikaa mahali pake pa siku zote. Lau angaliachwa na dhana yake, pengine asingalirudi, nasi tungaliendelea kusifiwa kwa uchangamfu wetu.

Wajibu huu si wa masheikh peke yao. Baba amtaniaye mkewe mbele ya wageni, mama asimuliaye makosa ya bintiye harusini, shangazi ampachikaye mtoto jina la kuchekesha, wote hao wana hadhira. Wageni wakishaondoka, mtazameni yule aliyechekwa. Neno "nilifanya mzaha tu" halifuti chozi. Aghalabu huliongeza, kwa kuwa lamtwika aliyeumia kosa la kuumia. Muulizeni, msikilizeni, mwelezeni mlilokusudia. Na ikiwa alichekwa hadharani, basi na atajwe kwa wema hadharani. Wazee wetu walisema mzaha mzaha hutumbuka usaha, na usaha hutumbuka pale jeraha lilipoachwa bila ya kutazamwa.

Mwenyezi Mungu azijaalie nyumba zetu furaha isiyomliza mtu. Wabillahi tawfiq.