Sinema ya Chui Mdogo

Huenda habari yetu ya leo ikawachekesha baadhi yenu, kwani sisi ni walimu wa chuo, tumezoea kuonekana na juzuu mkononi, si na habari za sinema. Lakini majuzi mtoto wa marehemu kaka yetu, ambaye sasa ameota ndevu, alituuliza, "Ami, ile sinema ya chui bado ipo?" Nasi tukashikwa na simanzi na furaha kwa pamoja.

Ilikuwa Idi ya mwaka 2013. Mtoto huyo alikuwa na umri wa miaka sita, na babaye hajatimiza miezi mitatu kaburini. Tangu siku ya mazishi hakulia, na kimya chake kilitutisha. Tukenda dukani kumtafutia cha kumchangamsha. Muuzaji akatupa diski ya *Delhi Safari*, sinema ya katuni ya Kihindi iliyotoka mwaka 2012, akasema ni ya watoto. Juu ya kifuniko mna tumbili, dubu na kasuku. Tukaona haina neno.

Basi! Hata hatujakaa vizuri, chui dume amekwisha kuuawa. Chui huyo jina lake Sultan, mkewe Begum (majina hayo yalitupendeza, hatukatai), na mwana wao Yuvi. Wakaao ni msitu wa Mumbai, na msitu huo si wa kubuniwa: Hifadhi ya Sanjay Gandhi imo ndani ya mji ule, ina chui wa kweli, na nyumba za watu zimeuzunguka. Tingatinga zikaja kung'oa miti, na mtoto akabaki na mamaye.

Watoto wa jirani walipiga mayowe, mmoja akajificha nyuma ya mlango. Wetu alikodoa macho tu. Tukanyosha mkono tuzime.

"Usizime, Ami. Nataka nione mamaake atafanya nini."

Tukaiacha. Wanyama wakapatana kwenda Delhi kusema na Bunge, nao wakamhitaji kasuku ajuaye maneno ya wanadamu. Hapo wanafunzi wetu wakamtaja Nabii Sulaiman, alayhi salaam, na ndege wake. Tumbili yeye alitaka vita. Sauti yake ni ya Govinda, aliyetuchekesha sana ujanani, na hata siku ile alituchekesha, ingawa kwa hofu.

Usiku mtoto akalia. Akalia mpaka karibu na alfajiri, akimwita babaye. Asubuhi mamaye akatujia. "Shemeji, siku ya Idi watoto hupewa halua, hawapewi maiti." Hatukuwa na jawabu, na mpaka leo hatunalo. Lakini mtoto alianza kula, na ile diski akaitazama mara nyingi hata ikachubuka.

Diski tumeiona sandukuni. Mashine yake ilikufa zamani. Kijana akaitafuta sinema katika simu yake, tukakaa naye barazani, vichwa vimegusana juu ya kioo kidogo. Ilipofika pale pa Sultan, yeye akatazama barabarani, nasi tukatazama barabarani. Mamaye alikuwa mlangoni akichagua mchele, wala hakuwa akiitazama sinema. Ila mikono yake ilisimama juu ya ungo mpaka mlio wa tingatinga ukapita.